Jipu Haliulizwi: Hotuba kwa Wasaidizi wa Kisheria

Mwenyekiti wa kikao, wazee wangu shikamooni. Wenzangu wa rika langu, na nyinyi wasaidizi wa kisheria mliotoka kata za mbali, habari za asubuhi. Salamu za dini zote nazitoa kwa mkupuo mmoja, tusije tukamaliza saa nzima kwa kuitikiana.

Nimeombwa nizungumze juu ya udhalilishaji kama adhabu. Neno "udhalilishaji" limo kwenye barua ya mwaliko, limo kwenye bango hapo nyuma yangu, na ni neno zuri la ofisini. Lakini miaka yote niliyokuwa hakimu wa mahakama ya mwanzo, sikumbuki mlalamikaji aliyeingia akasema, "Mheshimiwa, nimedhalilishwa." Walikuwa wakisema: kaniumbua. Kanivua nguo mbele za watu. Wamenianika. Kanitia aibu mpaka wanangu hawaendi dukani. Mama mmoja wa makamo alipanda kizimbani akasema, "Wamenisuta bila kuniuliza," kisha akanyamaza kana kwamba ushahidi umekwisha. Na kweli ulikuwa umekwisha, nitawaeleza kwa nini.

Maneno hayo hayalingani uzito. Anayesema kasutwa na anayesema kaumbuliwa wametendewa mambo mawili tofauti, na hakimu asiyesikia tofauti hiyo atatoa hukumu ya ovyo. Kwa hiyo nitaanza na maneno, halafu nifike kwenye mikopo, maana naona kwenye nyuso zenu kwamba huko ndiko mnakotaka nifike.

Tuanze na msuto. Nusu yenu ni watu wa Uswahilini, hamna haja ya kufundishwa, lakini hapa wapo vijana waliokulia kwenye nyumba za geti, na hao nawaomba wavumilie wasikie. Mtu kasema neno juu ya mwenzake. Neno limezunguka mtaa mzima, limepita saluni, limepita genge la nyanya, na mwisho limemfikia mwenyewe. Mwenyewe, kama kalelewa, hakurupuki. Anamfuata aliyemletea habari, anamwuliza: "Uko tayari kusimama mbele yake ukayasema haya?" Swali hilo peke yake limevunja misuto mingi, kwa sababu mleta habari anakumbuka ghafla kwamba ana msiba Morogoro. Akikubali, ndipo shughuli inaanza. Mashoga wanakusanywa, sare zinashonwa, mjumbe anaarifiwa, matarumbeta yanakodiwa kama mfuko unaruhusu. Siku ikifika, msafara unakwenda hadi mlangoni kwa mwenye mdomo. Anaitwa nje. Anaulizwa: "Ulisema, hukusema?" Akikana, shahidi anasogezwa mbele, wanatazamana macho kwa macho, na mtaa mzima unasikia nani kasema nini. Hapo ndipo vigelegele, na mipasho ya kila namna, na mambo mengine ambayo siwezi kuyataja mbele ya wazee.

Sitaki mnielewe vibaya, kwamba msuto ni kitu cha kutamanika. Nimeona ndoa zikivunjika kwa msuto. Nimeona mwanamke mgeni mtaani, asiye na ndugu wala shoga, akisemwa miezi na miezi bila kuweza kumsuta mtu, kwa sababu msuto unataka watu na unataka fedha. Mwenye nacho anasuta, asiye nacho anasutwa. Na wanaume tulizoea kuucheka, tukauita mambo ya wanawake, huku vijiweni tunasengenyana bila hata huo ujasiri wa kwenda mlangoni kwa mtu.

Ila turudi kwa yule mama. Waliomshitaki kwa umbeya walimjia alfajiri, ngoma mkononi, wakaimba kwa nusu saa, wakapiga teke ndoo yake ya maji, wakaondoka. Yeye akafungua kesi ya lugha ya matusi, kifungu cha 89 cha Kanuni ya Adhabu. Washtakiwa hawakukana kitu. Walisema, tena kwa kujiamini, kwamba hiyo ni mila: tulikwenda kusuta. Mmoja wa wazee wa baraza niliokaa nao, mzee mkimya ambaye kwa kawaida alikuwa akisikiliza kesi kama anasinzia, akauliza swali moja tu: "Aliulizwa?"

Wakamjibu, "Aulizwe nini, mzee, mtaa mzima unajua."

Akasema, "Basi hamkwenda kusuta. Mlikwenda kufanya fujo."

Hukumu yenyewe niliiandika mimi, kurasa mbili, lakini sioni kama niliongeza kitu. Mzee yule alikuwa anajua jambo ambalo vitabu vyetu vinalisema kwa Kilatini, kwamba mtu asihukumiwe kabla hajasikilizwa: msuto ni kesi. Una mlalamikaji mwenye jina na uso. Una shahidi. Mshtakiwa anasikia tuhuma, anapewa nafasi ya kujibu, na hadhira ni watu wanaomjua yeye na wanaomjua anayemshitaki. Halafu unakwisha. Jua likizama, matarumbeta yanarudi Magomeni na wasutaji wanakwenda kupika. Kesho yake msutaji na msutwa wanakutana bombani, na hapo lazima mmoja atangulie kuteka maji.

Sasa liweke pembeni neno "kuumbua". Mnajua jinsi Kiswahili kinavyogeuza kitendo: funga, fungua, ziba, zibua, umba, umbua. Mungu kaumba, wewe unaumbua. Kuumbua hakuhitaji shahidi, hakuhitaji swali, wala hakuhitaji mlango wa kubisha. Methali inasema mficha maradhi kifo humuumbua, na kifo hakimwulizi mtu. Lenye hatari zaidi kwangu ni "kuumbuka". Angalieni vichwa vya habari vya magazeti ya udaku tuliyoyasoma miaka ile, na leo kurasa za mitandao zilizorithi kazi yake: "Aumbuka gesti!" "Anaswa!" "Afumaniwa!" Nani kamuumbua? Hayupo. Mpiga picha aliyelipwa kukaa dirishani hayupo. Mwenye gesti aliyepiga simu hayupo. Kitenzi kimemficha kila aliyefanya kazi, kimemwacha mmoja tu barazani, ambaye eti kaumbuka mwenyewe, kama maziwa yaliyoganda usiku. Ndugu wa karibu wa neno hili ni ile sentensi ya waandishi wetu, "aliuawa na wananchi wenye hasira kali". Nimesoma faili za vifo vya namna hiyo. Kulikuwa na mwenye tairi, kulikuwa na aliyekimbilia petroli, kulikuwa na aliyepiga kelele za kwanza. Wote wakaingia kwenye "wananchi", wakatokomea humo, na hasira ndiyo ikabaki kuwa muuaji.

Nimewahi kumwona mwizi wa kuku akitembezwa mtaani, kuku kafungwa shingoni, watoto wanazomea nyuma. Watu wananiambia, mheshimiwa, si afadhali hiyo kuliko kuchomwa? Ni afadhali, sibishi. Hata hivyo mwizi yule mahakamani kwangu angepata miezi, na miezi ina mwisho. Siku ya kutoka imeandikwa kwenye karatasi ya gereza. Jina la "Kuku" alilopewa siku ile, ambalo nasikia hata wanawe waliitwa shuleni, halikuandikiwa siku ya kutoka.

Serikali nazo zimeipenda sana aibu, na kila utawala una neno lake. Mjerumani alituachia "hamsa ishirini". Babu zetu walilijua neno hilo kabla ya kujua hesabu za shule: viboko 25, bomani, mchana, mbele ya watu. Amri iliyotoka Berlin mwaka 1896 iliweka 25 kuwa ukomo wa mkupuo mmoja. Ilikuwa adhabu ya kinyama, na kipimo chenyewe kilikuwa cha kuhesabu mgongo tu, si kingine chochote. Aliyelazwa chini mbele ya wake zake, wakwe zake na watu aliowaongoza, fimbo zake zilihesabiwa hadi 25. Kitu alichopoteza uwanjani pale hakuna karani aliyekiandika.

Tulipopata nchi tukabaki na uwanja. Oktoba 1968 Umoja wa Vijana wa TANU ulitangaza Operesheni Vijana, ianze rasmi tarehe 1 Januari 1969: marufuku sketi fupi, mawigi, dawa za kujichubua, suruali za kubana. Tarehe haikusubiriwa. Kariakoo vijana waliteremsha wasichana kwenye mabasi, wakawazomea, wakawachania nguo, na polisi ikabidi waingilie. Mnaona mpangilio huo? Kiongozi anataja kosa kwenye mkutano, hatoi kipimo cha adhabu, na mtaa unajitwalia kazi ya kukisia kipimo. Msichana anayevuliwa nguo kwa kosa la kuvaa nguo fupi: mantiki ya hapo nimeitafuta tangu ujana wangu, sijaipata.

Karibu na siku zetu, Oktoba 2019, Mkuu wa Mkoa wa Mbeya wa wakati huo alionekana kwenye video akiwachapa wanafunzi wa sekondari wilayani Chunya mmoja baada ya mwingine, na Rais wa wakati huo, Magufuli, akampongeza hadharani. Nyumbani kwangu tulibishana sana. Wengi walisema watoto wale walikuwa watukutu, mabweni yalikuwa yameungua. Mimi niliuliza kitu kimoja cha kihakimu. Kanuni za viboko mashuleni, zile za 2002, zinasema viboko visizidi vinne, vitolewe na mkuu wa shule au mwalimu aliyempa idhini kwa maandishi, na viandikwe kwenye daftari. Sipendi viboko hata hivyo vinne, lakini oneni sheria inavyohangaika kuweka mipaka: nani, mara ngapi, kwa sababu gani, iandikwe wapi. Mkuu wa mkoa hayumo kwenye kanuni hizo. Na safu ya kamera kwenye daftari lile haimo kabisa. Viboko viliisha siku hiyohiyo. Video ipo mpaka leo, na watoto wale sasa ni watu wazima wanaotafuta kazi na wachumba.

Halafu kuna "kutumbua". Tangu mwishoni mwa 2015 tulikuwa tunafungua redio kusikia nani katumbuliwa, yaani nani kaondolewa kazini kama jipu. Sitasema kwamba waliotumbuliwa wote walionewa. Ofisi zetu zilikuwa na uozo, na mwananchi aliyezungushwa miaka mitatu kwa ajili ya hati ya kiwanja alikuwa na haki ya kufurahi. Ugomvi wangu ni na jipu. Mtumishi akishaitwa jipu, kila kitu kimeshaamuliwa. Jipu haliulizwi. Halina utetezi, halina rufaa, halina familia, linakamuliwa na watu wanashangilia usaha. Wapo watumishi waliosikia habari ya kufukuzwa kwao kwenye mkutano wa hadhara, wakiwa wamekaa viti vya mbele, mikono mapajani, na umati ukaulizwa kama aondoke au abaki. Hapo umati ndio hakimu. Yule mzee wangu wa baraza angeuliza swali lake lilelile na asingepata wa kumjibu.

Nitofautishe hapo na jambo jingine ambalo watu huliweka fungu moja nalo. Tarehe 15 Septemba 2007, viwanja vya Mwembe Yanga, Temeke, Dk. Willibrod Slaa, mbunge wa upinzani wakati huo, alisoma majina 11 ya watu aliowatuhumu kwa ufisadi. Tangu siku ile neno "fisadi" likatoka madrasa na vitabuni likaingia kwenye daladala. Kuna walioiita siku ile siku ya kuumbuana. Mimi naiona iko karibu zaidi na msuto. Alisimama kwa jina lake na uso wake, mchana, mahali panapojulikana, akataja anachodai kila mmoja kafanya, na kila aliyetajwa alijua ajibu nini na kama anataka kushitaki, amshitaki nani. Unaweza kusema alikosea kwa huyu au yule. Huwezi kusema alijificha nyuma ya kitenzi.

Na aibu ina ukorofi wake, haimtii aliyeituma. Mwaka 1958 serikali ya kikoloni ilimshitaki Mwalimu Nyerere kwa kashfa, kwa makala aliyowaandika maofisa wawili wa wilaya katika Sauti ya TANU. Akatiwa hatiani: faini shilingi 3,000 au kifungo cha miezi sita. Hukumu ile ilikusudiwa kumwonyesha kuwa mwongo na mchochezi aliyethibitishwa na mahakama. Alilipa faini, akatoka, na nje ya mahakama kulikuwa na watu waliomwona mkubwa kuliko alivyoingia. Aibu inategemea macho yanayotazama. Mtawala anaweza kuchagua adhabu, hawezi kuchagua macho. Ndiyo maana mimi kama hakimu sikuwahi kuiamini: hukumu ambayo siwezi kujua kama ni nzito au nyepesi mpaka umati useme, hiyo si hukumu yangu.

Katiba yetu, Ibara ya 13(6)(e), inasema ni marufuku kwa mtu "kuteswa, kuadhibiwa kinyama au kupewa adhabu zinazomtweza au kumdhalilisha". Nawaomba mlishike hilo neno "kumtweza", mlitumie, maana wengi mnalipita haraka. Kumtweza mtu ni kumshusha thamani akawa duni machoni pa wengine na machoni pake mwenyewe. Ibara hiyo imefika mbali. Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu aliitumia mwaka 1994 kusema hata adhabu ya kifo inakwenda kinyume nayo, na mwaka uliofuata Mahakama ya Rufani ikakubali kwamba kifo ni adhabu ya kikatili na yenye kutweza, ila ikaona Katiba yenyewe imeacha mlango wa kuiruhusu kupitia Ibara ya 30. Hayo ni mambo ya wakubwa. Nyinyi mtaitumia kwenye mambo madogo, na madogo ndiyo mengi.

Basi tufike kwenye mikopo.

Nina ruhusa ya kuwasimulia kisa hiki bila jina wala mtaa. Mama lishe, anauza chapati na maharage karibu na stendi. Amekopa shilingi elfu hamsini kwenye programu ya simu, akaongeze mkaa na unga. Programu ilimwuliza kama inaruhusiwa kusoma majina yaliyomo kwenye simu yake. Akabonyeza "kubali", kama sote tunavyobonyeza. Siku ya kulipa mvua ikanyesha, stendi ikawa tope, biashara haikuwepo. Saa mbili asubuhi iliyofuata akapigiwa simu na fundi aliyemtengenezea bomba mwaka juzi: "Mama, mbona umeniweka mdhamini?" Kabla hajajibu, ikaingia ya mwalimu wa darasa wa mtoto. Halafu ya mchungaji. Halafu ya mume waliyeachana, ambaye alikuwa na furaha kubwa kuliko alivyostahili. Wote wamepokea ujumbe mmoja: huyu ni tapeli sugu, amekimbia na fedha zetu, amekutaja wewe kuwa mdhamini wake, mwambie alipe kabla ya saa sita au hatua zitachukuliwa. Na picha yake ya kitambulisho imebandikwa hapo, ile aliyojipiga mwenyewe akisajili mkopo, ameshika kadi ya NIDA kidevuni.

Lipimeni tukio hilo kwa kipimo cha msuto. Anayemshitaki hana uso, ana namba inayobadilika kila saa. Hakuulizwa. Tuhuma yenyewe si ya kweli, maana aliyechelewa siku moja si tapeli, na fundi bomba hajawahi kudhamini mtu. Hadhira si mtaa unaomjua, ni kila aliyewahi kuhifadhiwa jina kwenye simu ile. Na haina jua la kuzama. Alilipa jioni ileile, kwa kukopa kwingine, naye ndiye huyo tunayemwimbia kila siku kwamba kukopa harusi kulipa matanga. Deni likafutika kwenye programu. Kwa mwalimu wa mtoto halikufutika kitu.

Watu wetu wamezipa mikopo hii jina la kausha damu. Nadhani walilenga riba, lakini limefika mpaka usoni, mahali damu inapokimbia mtu akiaibika.

Sheria mnayo, msiende mkiwa mikono mitupu. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ilitungwa 2022, ikaanza kufanya kazi tarehe 1 Mei 2023, na Tume yake ipo, inapokea malalamiko. Majina ya simu ya yule mama ni taarifa binafsi, zake na za fundi bomba pia, kwa hiyo hata fundi ana haki ya kulalamika, na hili wengi hamlijui. Benki Kuu nayo, Novemba 2024, ilitaja programu 69 zilizokuwa zikikopesha bila kibali. Wenzetu wa Kenya walitutangulia kidogo: kanuni za Benki Kuu yao za 2022 zinamkataza mkopeshaji wa kidijitali kuwasumbua watu waliomo kwenye simu ya mkopaji, na mwaka 2023 Kamishna wao wa Ulinzi wa Data aliitoza kampuni moja ya mikopo faini ya shilingi milioni 5 za kwao. Akija mteja wa namna hii, jambo la kwanza mwambieni asifute ujumbe. Ataona uchungu kuusoma, atataka kuufuta. Asiufute. Na awaombe waliopokea wampigie picha ya skrini, yenye namba na saa.

Kuna na mikopo ya vikundi, hii ya ana kwa ana. Mwanachama kashindwa rejesho, wenzake wanakwenda kwake, wanakaa barazani hadi usiku. Siku ya tatu wanaingia ndani. Wanatoa televisheni, wanatoa jiko la gesi, wanatoa masufuria, na mwisho watu wawili wanatoka na godoro limekunjwa kichwani, majirani wamejaa madirishani. Godoro halina bei hiyo. Wanaolitoa wanajua. Linatolewa ili lionekane likitoka, lenye madoa yake na siri zake zote. Nawasikitikia hata wabebaji, maana wao wenyewe wamebanwa, asipolipa mmoja wanalipa wote. Lakini sikilizeni. Sheria ya Mwenendo wa Madai, kifungu cha 48, inaikataza mahakama, mahakama yenyewe yenye muhuri na dalali aliyeteuliwa, kukamata nguo za kuvaa za mdaiwa, vyombo vyake vya kupikia, vitanda na matandiko yake. Jaji wa Mahakama Kuu hawezi kuagiza godoro lile litolewe. Mwenyekiti wa kikundi, kwa daftari la kaunta buku na kalamu ya bluu, ameliagiza.

Sasa nina neno na nyinyi, na msininunie. Nimeingizwa kwenye makundi yenu mawili ya WhatsApp. Naona picha: mama amekaa kiti cha plastiki, bango la shirika nyuma yake, na chini imeandikwa, "Leo tumemsaidia mama huyu aliyetelekezwa na mumewe na kudaiwa." Uso unaonekana. Najua mfadhili anataka ripoti. Aibu ya maiti aijuaye mwosha, na mwosha hapigi picha. Pigeni picha mikono, pigeni karatasi, pigeni viatu mlangoni kama lazima mpige.

Baada ya hotuba, kwenye maswali, kijana mmoja aliuliza kama nina maana wezi wa mali ya umma wafichwe ili wasione aibu. Nilimjibu hapana. Mahakama zetu zinasikiliza kesi mlango wazi, na hukumu zinawekwa kwenye tovuti ya TanzLII, mtu yeyote anasoma. Ripoti ya Mdhibiti na Mkuu wa Hesabu za Serikali inatoka kila mwaka, inataja taasisi kwa majina na shilingi kwa tarakimu, na inawatia watu fedheha kuliko mkutano wowote wa hadhara. Ila ifungueni muisome: kwenye hoja zake yamo majibu ya menejimenti. Waliulizwa kwanza, wakajibu, na majibu yao, hata yakiwa ya kuchekesha, yamechapishwa pamoja na tuhuma.

Dada mmoja wa nyuma aliuliza swali la mwisho: godoro likiwa limeshauzwa, mteja afanye nini? Afungue madai mahakama ya mwanzo, adai thamani ya vitu vyote vilivyotolewa ndani, aorodheshe kimoja kimoja pamoja na siku na waliobeba. Deni lake alikiri, asilikimbie, maana mahakama itawasikiliza na wanakikundi pia. Na kwenye orodha hiyo masufuria na godoro viandikwe juu kabisa, kabla ya televisheni.